Jini Li- au Jini A-? Lugha na Dhamira katika Riwaya-picha za Kijapani za Mapenzi na Viumbe Wasioonekana

Utangulizi

Wahakiki wa Kiswahili tuna tabia moja ambayo haitusaidii. Tukikutana na kazi yenye jini, mzimu au zimwi, tunaipachika jina la "fasihi pendwa", tunaandika sentensi mbili kuhusu imani za kishirikina, halafu tunakimbilia matabaka na ujenzi wa jamii mpya. Ikiwa jini huyo anapenda na kupendwa, ndiyo kabisa: tunaona haya. Mapenzi ya jini tumewaachia waganga, wahubiri na watengenezaji wa filamu. Lakini jamii haikungoja ruhusa yetu. Vijana wanazisoma hadithi hizi kila siku, na nyingine zinatoka mbali sana, huko Japani.

Makala haya yanachunguza riwaya-picha mbili za Kijapani, Kanon (1999) na Tsukihime (2000), na kuzipima kwa mizani ya namna sisi watu wa Pwani tunavyosema juu ya mapenzi baina ya binadamu na asiye binadamu. Hoja yangu ni moja tu. Katika hadithi za aina hii, dhamira haikai kwenye matukio peke yake, wala kwenye meno na damu. Inakaa kwenye sarufi: ni nani aliyepewa kiambishi cha mtu, na ni nani aliyepewa kitenzi cha kutenda.

Riwaya-picha ni kitu gani?

Kwa msomaji ambaye hajawahi kuziona, nieleze kidogo. Riwaya-picha ni riwaya inayosomwa kwenye kompyuta au simu. Nyuma kuna picha iliyotulia, tuseme njia yenye theluji. Mbele amesimama mhusika. Chini kuna kisanduku cha maneno. Na muziki unapita taratibu. Msomaji anagusa kioo, sentensi inayofuata inatokea. Mara chache anaulizwa afanye uamuzi: uende naye, au urudi nyumbani? Jibu lake linampeleka kwenye tawi lingine la hadithi. Jina hilo lilienea kutokana na kampuni ya Leaf, ambayo mwaka 1996 ilitoa Shizuku na Kizuato kwa utaratibu huo.

Kwa hiyo si sinema, wala si mchezo wa kukimbizana. Ni kusoma. Aliyekulia kwenye gazeti la katuni la Sani, akifuata vituko vya Lodilofa na Ndumilakuwili, hatapata taabu kuelewa: picha inabeba uso na mahali, maneno yanabeba yaliyobaki. Tofauti ni kwamba hapa maneno ni mengi mno, yanaweza kumaliza wiki nzima.

Mimi ninakaa Kigamboni. Huku kwetu wanaozisoma ni vijana wa vyuo na wa mtaani, kwa simu, na kwa tafsiri za Kiingereza. Sasa Kiingereza si cha kila mtu. Basi ukikuta vijana wanne wamekaa barazani jioni, mmoja ndiye ameshika simu, anasoma kimoyomoyo na kuwageuzia wenzake kwa Kiswahili papo hapo. Si jambo geni. Vibanda vya video vya Dar es Salaam vimelea wafasiri wa mdomo kwa miaka mingi, na jina la Lufufu, aliyesimulia filamu za kigeni kwa Kiswahili, linajulikana hata kwa wasiomwona. Mfasiri wa barazani ni mjukuu wa kazi hiyo.

Ni katika kufasiri huku ndipo nilipolisikia swali la makala haya. Kwenye Tsukihime kiumbe mmoja aliyeuawa anatokea tena kesho yake. Kijana aliyeshika simu akasema, "Limerudi!" Binti mmoja akamkatiza hapohapo: "Limerudi nini? Amerudi. Mwenzio ana jina." Wakabishana kweli. Mimi nasema ule haukuwa ubishi wa sarufi. Ulikuwa uhakiki.

Kijapani kinaficha nini, kinaonyesha nini

Tuanze na Kijapani chenyewe. Kitenzi cha Kijapani hakibebi nafsi. Neno "kita" lina maana ya kuja kulikokwisha kutendeka. Nani kaja, halisemi. Mwandishi anaweza kukuweka gizani kurasa nzima: kumekuja, kumesimama mlangoni, kumecheka. Wewe unaogopa au unatumaini kwa hiari yako.

Lakini lugha hiyohiyo ina mahali pengine inapotoa hukumu. Kusema kwamba kitu kipo, Kijapani kina vitenzi viwili. "Aru" ni cha vitu: kiti, nyumba, mti. "Iru" ni cha wenye uhai: watu na wanyama. Na mzimu je? Mzimu huambiwa "iru". Hata Mjapani asiyeamini mizimu, akitaka kusema kwamba haipo, atatumia kitenzi cha wenye uhai. Sarufi imekwisha kumpa mfu kiti kwenye baraza la walio hai kabla mwandishi hajashika kalamu.

Kuna jingine, nalo ni viwakilishi vya nafsi ya kwanza. Sisi tuna "mimi" tu. Mfalme ni mimi, mwizi ni mimi. Wajapani wana "watashi", "boku", "ore" na mengine, na kila moja linabeba umri, jinsia na maringo ya msemaji. Katika Kanon, msichana Ayu anajiita "boku", neno ambalo kwa kawaida ni la wavulana, na mhusika mkuu Yuichi anamtania kwa hilo. Msomaji wa Kijapani anausikia utoto wake uliogandishwa. Na kweli, baadaye tunaelewa kwamba Ayu alianguka kutoka juu ya mti miaka saba iliyopita, na huyu anayetembea mitaani si mwili wake. Mfasiri akishaandika "I" au "mimi", alama hiyo imekufa. Atalazimika kuifufua kwa njia nyingine, kwa mfano kwa kumpa binti huyo Kiswahili cha watoto wa mtaani.

Makoto: mapenzi yanayopoteza maneno

Mfano bora zaidi wa lugha kuwa dhamira yenyewe ni tawi la Makoto katika Kanon, lililoandikwa na Jun Maeda. Msichana asiyekumbuka chochote anamvamia Yuichi njiani. Anachokijua ni kwamba anamchukia, basi. Anachukuliwa nyumbani kwa shangazi yake Yuichi, analishwa, na usiku anamfanyia kijana vituko. Ni mgomvi, ana mdomo kama cherehani. Taratibu tunagundua kwamba ni mbweha. Yuichi alipokuwa mtoto alimtunza mbweha aliyeumia, kisha akamwachia kilimani. Mbweha yule ametamani kurudi kwake, na bei ya kuwa mtu ni kumbukumbu zake, halafu uhai wake.

Na sasa, msomaji, angalia fani inavyofanya kazi. Makoto anapougua homa, hapotezi uzuri wala hatoki meno. Anapoteza maneno. Kwanza sentensi zinafupika. Kisha vidole vinashindwa kushika vijiti vya kulia. Kisha linabaki lile guno lake la siku zote, na kengele ndogo aliyonunuliwa na Yuichi, anayoichezea kama mtoto. Kisanduku cha maneno, ambacho mwanzoni kilijaa kelele zake, kinaanza kuwa kitupu. Kwa kuwa ni kazi ya kusomwa, utupu huo unauona kwa macho: unagusa kioo, hakuna alichosema. Yuichi anamfunga ndoa ya kuigiza kule kilimani, kwa shela tu, bila mashahidi, na baadaye binti anatoweka.

Kama angefia hospitali kwa ugonjwa wenye jina, ingekuwa tamthilia ya kuliza watu. Lakini mwandishi amefanya kuondoka kwa ubinadamu kuwe kuondoka kwa lugha. Swali analotuachia ni zito: asiyeweza kusema tena "nakupenda", je, hapendi tena?

Kiswahili kinamweka wapi jini?

Turudi nyumbani. Sisi hatuwezi kuficha kama Kijapani, maana kitenzi chetu lazima kibebe mtu au kitu. Ukifungua mdomo tu, umeshahukumu. Sarufi ya shuleni inasema viumbe vyenye uhai huchukua upatanisho wa a- na wa-: jini amekuja, majini wamekuja. Vizuri. Lakini sikiliza watu wanavyozungumza: "lile jini limempanda tena", "zimwi lilitokea", "mzimu umemshika". Hatuna sheria moja, tuna msimamo. Anayesema "amekuja" ameshakubali kwamba kuna nafsi inayokuja. Anayesema "limekuja" ameshafunga mlango.

Chukua methali yetu: zimwi likujualo halikuli likakwisha. Zimwi hili linakujua. Lina kumbukumbu, lina hata huruma kidogo, maana linakubakiza. Na bado, kwa wema wake wote, ni li- mwanzo hadi mwisho. Tena silaha hii hatuitumii kwa mazimwi peke yake. Binadamu tukimdharau tunamtupa hukohuko: lijitu lile, lijanamke lile. Ngeli kwa Mswahili ni mlango wa kumwingiza mtu katika utu na mlango wa kumtoa.

Hapa ndipo ninapoona utajiri ambao waandishi wetu hawajauchimba ipasavyo. Mwandishi wa Kiswahili anaweza kuanza hadithi na li-: lilisimama chini ya mbuyu, lilinitazama. Kisha, ukurasa wa 40, bila tangazo, bila muziki: alinitazama. Herufi zimebadilika mbili, na msomaji amejua kwamba msimulizi amependa kabla msimulizi mwenyewe hajajua. Kiingereza kinaweza kujaribu jambo hilo kwa viwakilishi vyake, lakini sisi upatanisho umetapakaa katika sentensi nzima: kitenzi, kivumishi, kimilikishi. "Jicho la jini langu lile" na "jicho la jini wangu yule" ni ndoa mbili tofauti.

Jini mahaba na kauli ya kutendwa

Sasa niseme lililonisukuma kuandika. Sisi tunayo tayari hadithi kubwa ya mapenzi na kiumbe asiyeonekana, nayo ni jini mahaba. Dar es Salaam nzima inaifahamu. Jini anampenda binadamu, anamjia usingizini, anamfanya mke wake, na kumharibia kila mchumba. Vibao vya waganga vilivyogongelewa kwenye nguzo na miti vinaahidi kumwondoa. Kwenye mikutano ya maombi anakemewa kwa kipaza sauti.

Ninamfahamu dada mmoja wa mtaani aliyevuka miaka 30 bila ndoa. Ana kazi yake, anavuka na pantoni asubuhi na kurudi jioni. Watu walishaamua: "Yule ana jini mahaba." Hebu tusikilize vitenzi anavyopewa. Amepandwa. Amechezewa. Ameolewa na jini. Anaombewa. Anapungwa. Atatolewa. Vyote ni kauli ya kutendwa! Jini anaoa, mganga anatoa, mchumba anakimbia, jirani anasema. Yeye peke yake hatendi chochote. Hata katika hadithi inayohusu mwili wake na kitanda chake, hana kitenzi. Hakuna aliyemuuliza kama labda amekataa tu. "Amekataa" ni kitenzi cha kutenda, na hadithi ya jini mahaba haina nafasi ya kitenzi hicho.

Ndiyo maana nasema suala hili si la burudani. Lugha tunayotumia kusimulia mapenzi ya majini ni lugha ileile tunayotumia kuwanyima wanawake hai uamuzi wao. Ndoa yenyewe tumeijenga hivyo: mwanamume huoa, mwanamke huolewa. Jini mahaba amekuja tu kukaa kwenye kiti ambacho sarufi ilishamwandalia mume.

Fasihi yetu andishi imefanya nini? Shaaban Robert, katika Adili na Nduguze (1952), hadithi yenye udugu wa karibu na Alfu Lela Ulela, ametupa Huria, binti wa majini. Adili anamwokoa akiwa katika umbo la nyoka, na Huria anamlipa kwa kumwokoa baharini na kuwageuza nduguze waovu kuwa manyani. Huria anatenda kwelikweli, anaamuru, anaadhibu. Lakini mapenzi hakupewa. Mapenzi yamewekwa kwa Mwelekevu, ambaye ni binadamu. Jini wa Shaaban Robert analipa fadhila na kusimamia haki. Moyo wake hatuusikii. Wajapani nao wana ngano ya korongo anayelipa fadhila kwa mtu aliyemwokoa, na katika masimulizi yake mengi anakuwa mkewe. Kwao deni limeruhusiwa kugeuka mapenzi. Kwa Shaaban Robert, mwalimu wa adili, deni limebaki deni. Miaka ya 2000 filamu ya Shumileta ya Mussa Banzi ilimleta jini wa kike anayempenda binadamu, na watu waliifurahia. Huko mapenzi yapo, lakini kwa maoni yangu hofu inashika usukani, na maneno yanabaki nyuma ya vitisho.

Shikamoo au mambo?

Tsukihime inatupa mtihani mwingine. Kazi hii iliandikwa na Kinoko Nasu na kuchorwa na Takashi Takeuchi, ikauzwa Desemba 2000 na kikundi chao kidogo cha Type-Moon kwenye soko la kazi za mashabiki mjini Tokyo. Kijana Shiki, mwenye macho yanayoona mistari ya kifo katika kila kitu, anakutana na mwanamke mgeni na, bila kujua kwa nini, anamkata vipande 17. Kesho yake mwanamke yule yuko njiani anamsubiri. Ni Arcueid, mnyonya damu wa kifalme, mwenye umri wa mamia ya miaka. Badala ya kulipiza kisasi anadai msaada: umeniua, sasa nifanyie kazi. Mapenzi yanaanzia hapo, kwenye deni la damu.

Kuchekesha kwake kunatokana na lugha. Arcueid ana karne nyingi lakini anaongea kama binti aliyetoka nje ya geti kwa mara ya kwanza: anashangaa, anauliza, anadeka. Mfasiri wetu wa barazani anakwama: mwanamke wa miaka 800 mwenye sura ya miaka 20 anaamkiwaje? Ukimpa "shikamoo" umemfanya bibi yako, mapenzi yamekwisha. Ukimpa "mambo" umefuta karne zote hizo. Vijana wa Kigamboni walilitatua kwa akili: siku ya kwanza Shiki anasema "shikamoo" kwa hofu, na Arcueid anacheka, haitikii marahaba. Neno "marahaba" lisilosemwa likawa ndilo tamko la mapenzi. Katika asili hakuna kitu hicho, lakini maana ipo. Huo ndio ufasiri.

Mwisho wa tawi lake ulio mzito zaidi ni wa kuagana. Arcueid anaona kiu yake ya damu itamshinda, anachagua kurudi usingizini. Tazama: anachagua. Kifo cha Makoto kinampata. Kuondoka kwa Arcueid ni kitendo chake.

Udhaifu wa kazi hizi

Nisije nikadhaniwa nawapigia Wajapani makofi tu. Kanon na Tsukihime zilitolewa kwanza kama kazi za watu wazima, zenye maonyesho ya ngono ambayo mara nyingi hayana uzito wowote kisanaa. Kanon haikupungukiwa kitu ilipotolewa tena mwaka 2000 bila maonyesho hayo. La pili ni kubwa zaidi. Msomaji amekalishwa kwenye macho ya mvulana. Msichana asiye binadamu anakuja, anapenda, anatoweka, na mvulana anabaki akiwa amekomaa. Uhai wa Makoto umekuwa somo la Yuichi. Kwa hiyo dada yetu wa pantoni asidhani ameshapata mkombozi. Huku hana kitenzi, kule ana vitenzi vizuri lakini vinaisha mapema.

Wajapani wenyewe wameliona pengo hili. Tangu Angelique ya mwaka 1994 kuna michezo ya mapenzi iliyotengenezwa kwa ajili ya wasichana, na Hakuōki (2008) inamkalisha msomaji mahali pa binti, Chizuru, kati ya wapiganaji wa upanga wanaogeuka viumbe wa usiku. Hapo binti ndiye anayetazama, ndiye anayechagua.

Hitimisho

Tumeona kwamba dhamira za kazi hizi, yaani deni, kumbukumbu, umri na kutengana, hazikuwekwa juu ya lugha kama kofia. Zimo ndani ya lugha: katika "boku" ya Ayu, katika kimya cha Makoto, katika "iru" ya mizimu yote. Hatuna budi kujifunza hilo, na si kuiga meno na macho mekundu. Zana tunazo: ngeli, kauli ya kutenda na kutendwa, maamkizi ya rika.

Nawaomba wenzangu wanaoandika hadithi za picha, wawe Temeke, Kinondoni au huku ng'ambo ya maji, wajaribu jambo moja dogo. Waandike hadithi ya jini mahaba ambamo binti ndiye kiima cha sentensi. Ampende jini yule au amfukuze, shauri lake. Aseme "nimemkataa", au aseme "nimemtaka", lakini aseme yeye. Nasi wahakiki tuache kuona haya. Tusome kila kiambishi, maana hapo ndipo utu wa mtu unapotolewa na kunyang'anywa, na mara nyingi hakuna anayegundua.